Nyumba ya Sajini Abdiwali

Halimo alikuwa amepiga magoti nyuma ya nyumba, akiziba ufa kwa udongo uliochanganywa na majivu, aliposikia mtu akibisha mlango wa mbele. Hakuitika. Saruji ilikuwa imemshinda bei tangu Ramadhani ya mwaka juzi, na magoti yenyewe siku hizi yalihitaji kubembelezwa ndipo yainuke. Isitoshe, pale mtaani Wabera mtu wa heri habishi mbele. Huzunguka moja kwa moja hadi jikoni. Anayebisha mbele amekuja na faili.

Na kweli alikuwa na faili. Alikuwa binti wa miaka kama thelathini, kadi ya kazi shingoni, viatu vimejaa vumbi.

"Salaam aleikum, ayeyo."

Halimo alijibu, maana kutojibu salamu ni dhambi. Lakini neno lile, ayeyo, yaani bibi kwa Kisomali, kutoka kinywani mwa mtoto wa Kimeru, lilimtia shaka zaidi. Nani alimfundisha? Na alimfundisha kwa nini?

"Mimi naitwa Gacheri. Natoka mradi wa majengo ya zamani. Tunaandika historia ya nyumba za wazee, isipotee."

"Iko karatasi ya kuweka sahihi?"

"Hakuna, ayeyo."

"Kidole?"

"Hata kidole hatutaki."

"Na picha?"

"Kama hutaki, naacha."

Halimo alimkagua kutoka kichwani hadi viatuni. Walishakuja watu wa kupima barabara, watu wa kupima bomba la maji, na watu wa kupima tu bila kusema wanapima nini. Kila mara kulikuwa na jirani aliyetia kidole kwenye karatasi, na kila mara kulikuwa na ukuta ulioamkia alama nyekundu ya kubomolewa. Yeye alikuwa amejifunza. Leseni ya babu yake ya kukaa pale, iliyotolewa zama za mkoloni, aliikunja ndani ya nailoni na kuishona kwenye godoro. Hata mwanawe Shuriye, dereva wa malori ya Moyale, hakuwahi kuiona.

Basi kama hakuna sahihi, hakuna kidole, hakuna picha, ubaya uko wapi? Akamsogezea mgeni kigoda, akamtilia chai ya maziwa ya ngamia.

"Hii nyumba nani alijenga?" Gacheri akauliza, simu yake ikirekodi juu ya goti.

Jamani! Mama wa watu alikuwa amefunga milango yote, akasahau mdomo. Akakaa vizuri, akapangusa udongo mikononi, akaanza. Babu yake, Sajini Abdiwali, alikuwa askari wa Keya, jeshi la mkoloni, akapigana vita vya Mjerumani. Alipostaafu, DC mwenyewe, Mzungu mkuu wa wilaya, alimwambia: Sajini, wewe umetumikia serikali, sasa serikali itakujengea. Mawe yakaja na gari la serikali. Mafundi wakawa wa serikali. Na jiwe la kwanza aliliweka DC kwa mkono wake.

"Kwa mkono wake?"

"Huu!" Halimo akainua mkono wake wa kulia, na wote wawili wakacheka. Miaka mingi ilikuwa imepita bila mtu yeyote kumuuliza habari za babu yake. Alifurahi sana, na hakuona haya kufurahi.

Baada ya miezi minne ikaja barua. Jengo hilo ni mali ya umma. Litahifadhiwa kama kumbukumbu ya kaunti, na katika kiwanja cha nyuma yatajengwa maduka kumi kwa ajili ya wageni. Majina ya wapangaji wa maduka tayari yalikuwa yameandikwa. Mkaaji amepewa siku tisini, na kama ana neno, afike kusikilizwa.

Halimo alipasua godoro. Akaenda na Shuriye hadi kwenye ukumbi wenye viti vya plastiki, akaiweka leseni mbele ya mwenyekiti wa kikao. Mwenyekiti aliishika kwa ncha za vidole.

"Hii iliisha kabla mimi sijazaliwa, mama."

Kisha akafanya ishara, na simu ikawekwa mezani. Sauti ya Halimo ikajaa ukumbini, changamfu, yenye kujisifu, ikisimulia gari la serikali na mafundi wa serikali.

"Hii sauti ni ya nani?"

"Ni yangu."

"Umesema mwenyewe. Serikali ndiyo ilijenga."

"Ilikuwa uongo."

Watu wakacheka. Halimo akangoja wamalize, kisha akasema kweli ambayo hakuwahi kuisema mbele za watu. Babu yake aliuza ng'ombe kumi na mmoja. Mawe aliyatoa mtoni kwa punda, viangazi viwili vizima, na huyo DC hakufika pale hata kuomba maji. Lakini wazee wa Keya walikuwa na mashindano yao: aliyejengewa na serikali ndiye mtu, aliyejijengea ni mchungaji kama wachungaji wengine. Mzee akajisifu. Halafu ikaja miaka ya shifta, waasi wa Kisomali waliopigana na serikali, wanajeshi wakapita na mienge wakichoma nyumba za Wasomali. Nyanya yake Halimo akasimama mlangoni akawaambia hii ni nyumba ya serikali. Wakaipita. Ya jirani ikaungua.

"Huo uongo ndio ulituweka hai," alisema. "Kila mtoto kwetu alifundishwa kabla hajajua kuhesabu. Hata mimi. Mtu akiuliza, sema ni serikali."

Mwenyekiti akavua miwani. "Mama, ulidanganya siku hiyo ama unadanganya leo?"

"Siku hiyo."

"Kwa hivyo wewe ni mtu wa kudanganya."

Shuriye akasimama. Askari wa mlangoni naye akasogea. Mwishoni mwa meza alikuwa Gacheri, macho kwenye faili, na Halimo alimtazama kwa muda mrefu akitaka kujua kama binti huyu alitumwa kumwinda au naye alitumiwa tu bila kujua. "Keti, Shuriye," akasema. "Watakufunga bure."

Zikiwa zimebaki siku mbili kati ya zile tisini, na barua haijafutwa, akaja fundi aliyeitwa Ntongai, mtu mzima, na bamba la chuma chini ya kwapa na mashine ya kutoboa mkononi. Huyu hakubisha, alizunguka jikoni akasalimu. Halimo alimuuliza bamba limeandikwa nini, naye akamsomea: *Nyumba ya Sajini Abdiwali. Ilijengwa na Serikali.*

Akatoboa tundu la kwanza kando ya mlango. Udongo ukamwagika. Akatoboa la pili, udongo. Akaingiza kidole, akachokonoa, akageuka.

"Mama, huu ukuta ni mawe ya mto na matope. Majengo ya Mzungu nimebomoa mengi mimi. Ni mawe ya kuchongwa, na chokaa. Serikali haijawahi kujenga hivi."

"Si uende uwaambie."

Ntongai akakuna shingo. "Mimi nimeitwa kufunga skrubu nne, mama."

Akaipeleka mashine mahali pa tatu, ikanguruma, na kipande cha plasta kikubwa kama sahani kikaanguka, kikapasuka miguuni pao. Akajiandaa kwa pa nne.

"Wacha!" Halimo alipiga kelele. "Utaniangushia ukuta!"

Akamsukuma pembeni. Akaweka kiganja ukutani, akakipitisha polepole, akigonga kwa kifundo cha kidole, sikio karibu. Alizaliwa nyuma ya ukuta ule. Mkono ukasimama.

"Toboa hapa," alisema. "Hapa kuna jiwe."

Ntongai akatoboa. Skrubu ikashika vizuri. Halimo alikuwa tayari amesogea upande wa pili, akigonga, akimtafutia jiwe jingine.