Paa la Bahati

Mama Nyavu alikuwa juu ya ngazi, anafunga wavu mpya kwenye goli la mpira wa kikapu katika kiwanja kipya cha timu, pale viwanja viwili vya zamani vya timu hiyo vilipofika getini. Vilikuja kwa miguu. Cha kwanza, siku hizi ghala la saruji, kilijaa vumbi. Cha pili, duka la makochi, kilikuwa kinahema. Vyote vipara, havina paa. Mlinzi akaviambia vipange foleni kama wengine.

Timu ile ina mila yake: kila ikihama, inang'oa paa na kuondoka nalo, eti ndilo lenye bahati ya makombe. Kombe lenyewe moja, tena la mashindano ya kirafiki! Paa likaoza kwa kutu. Mume wa Mama Nyavu, fundi wa mabati, alipanda kuziba matundu kwenye kiwanja cha pili, bati likakatika, akaanguka, akafa. Mwenyekiti wa timu akasimama msibani na kutangaza kuwa marehemu alikuwa amelewa. Mtu ambaye hata soda ilimpa kiungulia! Tangu hapo mashemeji zake humwita "mjane wa mlevi". Yeye anataka neno moja tu kutoka kinywani mwa Mwenyekiti: kwamba mume wake hakulewa.

Katikati ya hotuba ya Mwenyekiti ya kufungua kiwanja kipya, paa lile lilijinyanyua, likatoka taratibu, likaenda kukaa juu ya kiwanja cha kwanza, kama kofia iliyorudi kwa mwenyewe. Jua likapenya. Wachezaji, waandishi, mashabiki, wote wakaona: lilikuwa chujio tupu.

Mama Nyavu akashuka. "Mwenyekiti, umejionea mwenyewe. Sasa sema."

Mwenyekiti akafuta jasho kwenye shingo yake nene. "Nimeona, mama. Paa linatembea mchana kweupe. Hata lenyewe limelewa."

Watu wakaangua kicheko, wajinga wale. Nyani haoni kundule, na huyu hata ukimpa kioo atakiuza.

Viwanja vya zamani vikapewa nafasi kwenye maegesho, mradi visizibe magari ya wakubwa. Kisha akaitwa fundi mpya alirudishe paa, maana mechi ilikuwa jioni. Akapanda, huku akijaribu kila bati kwa kidole cha mguu kabla ya kulikanyaga.

Mwenyekiti akamwinamia mlinzi. "Huyu naye," akasema, "nasikia anapenda pombe."

Mama Nyavu alimsikia. Alikuwa ameishika ngazi ya fundi kwa mikono miwili.