Hesabu ya Mzee Mutembei

Kiondo kilikuwa kikitikisika chenyewe mkononi mwa Mzee Mutembei. Ndani yake alilala Karani, paka wake, misuli ikirukaruka kama maharagwe kwenye maji yanayochemka, na kwa kila mtikisiko hasira ya mzee ilipanda kipandio kimoja. Alipofika kwa daktari wa mifugo, nyuma ya soko la Ruiri, ilikuwa imeshafika darini.

"Riungu wa duka la dawa ashtakiwe!" alinguruma kabla ya salamu. "Ameniuzia sumu! Mchana kweupe, huku akitafuna njugu!"

Waliokuwa wakisubiri na mbuzi na kuku wao wakageuka. Salesio, jirani yake, alicheka hadi jogoo wake akastuka.

"Mzee, sisi tumeleta mali, wewe umeleta paka? Basi mkatie na kadi ya kliniki!"

"Huyu amelinda ghala langu miaka sita. Wewe umelinda nini?"

Hakuwa mtu wa kuchekwa. Kalamu aliishika mara ya kwanza akiwa na miaka arobaini, katika masomo ya ngumbaro, baada ya kutwa nzima ya kuchunga ng'ombe wa watu. Tangu siku hiyo hakuna karatasi iliyopita mbele yake bila kusomwa. Karani alipata jina lake kwa kupenda kulala juu ya daftari lililo wazi. Na tangu mama watoto azikwe, ni paka huyo pekee aliyebaki kumsikiliza akisoma gazeti kwa sauti.

Daktari Kathambi, binti aliyemjua tangu akibebwa mgongoni, alimpokea mgonjwa kwa mikono miwili.

"Umempaka nini, Baba?"

"Dawa ya kupe, ya ng'ombe. Viroboto walikuwa wamemmaliza. Riungu hakuniuliza hata ni ya mnyama gani!"

"Na mguu huu uliovimba?"

"Ndama alimkanyaga juzi."

"Ulimpa chochote cha maumivu?"

"Hapana."

Neno lilimtoka upesi mno. Kathambi alimtazama kidogo, akamchoma paka sindano ya kutuliza mitetemo, kisha akamwosha kwa sabuni na maji ya uvuguvugu. Alipomfunua mdomo, mkono wake ukasimama.

"Ufizi una rangi ya tope. Dawa ya kupe hutetemesha, lakini haileti rangi hii. Na uso umeanza kuvimba." Alinyanyua macho. "Baba, nikibahatisha, atanifia mkononi."

Daftari lilikuwa mfukoni mwa koti, zito kama jiwe la kusagia. Humo alikuwa ameiandika hesabu kwa mwandiko wake bora: mtu wa kilo sitini, vidonge viwili, paka wa kilo tatu, sehemu ya ishirini ya hapo. Wembe ulipokataa kukata kipande kidogo hivyo, akatoa robo ya kidonge. Robo asubuhi, robo jioni. Alikuwa amepiga mstari chini ya jibu mara mbili, kama mwalimu wake alivyokuwa akifanya.

Mlango ulikuwa wazi, na sikio la Salesio lilikuwa limeelekea ndani. Hadithi hiyo ingemtosha mtu yule hadi mavuno. Karani alivuta pumzi, nyembamba, yenye mkwaruzo; iliyofuata ilichelewa.

Mutembei akalitoa daftari.

"Parasetamoli," alisema. "Ile tunayomeza sisi."

Kathambi alisoma ukurasa mzima. "Hesabu ya kilo ni sahihi," alisema, na sifa hiyo ilimchoma kuliko kicheko chochote. "Lakini paka si mtu mdogo, Baba, wala si ng'ombe mdogo. Ini lake haliwezi kuivunja dawa hii. Dawa ya viroboto ya paka ipo, na ya maumivu ya paka ipo. Mara nyingi zinaweza kwenda pamoja. Ila kwanza nimpime, nijue ameshapewa nini. Ukinificha moja, hata ile nzuri niliyo nayo inaweza kummaliza."

Akampigia simu mwenzake wa Nkubu aliyekuwa na dawa ya kupambana na sumu hiyo, akaagiza iletwe kwa pikipiki.

"Lakini Riungu angeuliza!" Mutembei alifoka, sauti ikipasuka. "Anauza dawa au anauza chumvi?"

"Angeuliza, na nitamwambia hivyo leo. Na wewe ungemjibu nini?"

Mzee alimtafuta Riungu kifuani mwake ili amkasirikie. Alimkuta, lakini kando yake alikuwa ameketi mzee mwenye kalamu.

Alitoka akaketi kwenye benchi. Salesio alikuwa amemngoja kama mwewe.

"Vipi, mgonjwa amelazwa?"

"Nilimpa kidonge cha watu," Mutembei alisema kwa sauti ya kumfikia kila mtu. "Robo, mara mbili. Nilipiga hesabu mwenyewe. Sasa cheka."

Salesio aligeuka kumpapasa jogoo wake. Mwisho wa benchi, mama mmoja aliyepakata paka mwenye jicho bovu alifungua fundo la leso yake taratibu, akatoa kidonge cheupe, akakitazama kwa muda mrefu.

Ndani, pumzi zilisikika moja moja. Mutembei alilifungua daftari juu ya magoti, akaliacha wazi, kama alivyozoea kuliacha ili paka apate pa kulala. Mbali, upande wa barabara ya Meru, pikipiki ilinguruma. Au labda ulikuwa upepo tu, ukipita kwenye mahindi makavu.