Nimezima

Lifti ilikuwa inashuka, na fundi aliyekuwa shimoni chini yake alikuwa ameambiwa kwamba imezimwa. Alijitupa kifudifudi, shavu kwenye mafuta machafu, akausikia ule mzigo wa chuma ukija juu ya mgongo wake bila haraka, kama mwenye nyumba anayerudi kwake. Lifti ilisimama ghorofa ya chini. Kati ya chuma na kisogo chake palibaki shubiri moja. Milango ilifunguka, viatu vya mtu vikatoka vikaenda zake, na mwanamke yule aliyelala shimoni akatafuta pumzi asiipate.

Alipoipata, aliivuta redio ya mkononi. Ghorofa ya tisa, katika chumba cha mitambo, alikuwa kaka yake, ndiye aliyemfundisha kushika bisibisi. Kazi yao ilisimama juu ya maneno matatu waliyorithi kwa marehemu baba: "Umezima?" "Nimezima." "Nashuka." Kwa miaka kumi na tisa neno la katikati halikuwahi kumdanganya mtu.

"Kaka, umezima?"

"Nimezima, mdogo wangu."

Sauti ilikuwa tulivu mno. Hapo fundi akajua kwamba Kauli Timilifu imemfuata hadi shimoni.

Mafundisho hayo yalianzishwa na muuza magodoro mmoja mstaafu, aliyesema kwamba ulimwengu ni mtumishi msikivu, hutenda kila unachoambiwa kimekwisha tendeka. Asemaye "nitapona" anauagiza usubiri, na asemaye "sijapona" anauagiza umwache na ugonjwa wake. Basi sema "nimepona", waza hivyo hivyo, mpaka mwili uone haya ufuate. Wafuasi wakazing'oa "ta" na "ja" vinywani mwao kama meno mabovu. Watu wa mtaani wakawaita Wana-Me, na kila walipopita walililiwa "mee" kama mbuzi. Mmoja wao alisema "nimeshiba" siku tatu mfululizo. Ya nne akazirai kwenye foleni ya mkate.

Fundi alikuwa akicheka na wenzake, mpaka kaka yake alipojiunga. Alijua kilichompeleka. Daktari alikuwa amemwambia ana mtoto wa jicho, macho yote mawili, na kwamba ni upasuaji wa nusu saa tu. Lakini marehemu baba naye aliingia chumba cha upasuaji kwa miguu yake, akatolewa amefunikwa. Kaka akasema macho yamepona, mambo yakaishia hapo. Naye fundi, badala ya kubishana, akamwendekeza. Miezi minne alimsomea namba kwa hila, na kwenye fomu za ukaguzi akaandika "kaka amekagua" vitu ambavyo kaka hakuviona. Sasa, na mafuta yakimwingia mdomoni, alitambua kwamba naye ni Mwana-Me, tena wa siri, na hao ndio wabaya zaidi.

Kitufe cha kusimamishia lifti kilichomo shimoni ndicho alichokuja kukitengeneza. Kilikuwa mkononi mwake, nyaya nje, hakifai kitu. Alijaribu kujivuta kando. Hakusogea. Mnyororo unaoning'inia chini ya lifti ulikuwa umenasa mkanda wake wa vifaa, na kishikizo cha mkanda kilikuwa chini ya tumbo, mahali asipoweza kupenyeza hata kidole.

"Kaka, lifti imeshuka. Iko juu yangu, na mnyororo umeushika mkanda. Ikipanda, napanda nayo."

Kisha akamsikia akikariri chini chini: imezimwa, imesimama, amesalimika. Maneno hayo yalimuuma kuliko chuma. Alitamani kumtukana, na alitamani kulia, na muda wa lolote kati ya hayo haukuwapo.

"Acha hiyo," alisema. "Niambie unachokiona."

"Safu ya swichi, zote sawa. Za lifti zote mbili, za taa, za feni."

"Umesoma namba zake?"

Mahali fulani juu, mtu aliita lifti. Milango iliyokuwa wazi juu ya kichwa chake ikaanza kufungwa.

"Sijaona," kaka alisema, na sauti yake ikapasuka. "Mdogo wangu, sijaona namba yoyote tangu mvua zilizopita. Nimezima moja. Sijui ipi."

"Papasa chini ya vibao vyake. Baba alichonga alama kwa tupa. Lifti hii ina alama mbili."

Milango ikagongana. Mnyororo ukatetemeka, ukakaza, mkanda ukamkaba kiunoni, tumbo lake likaachana na sakafu.

"Mbili."

"Ndiyo hiyo. Zima."

Kila kitu kikasimama. Alikuwa ananing'inia kimo cha kiganja kutoka sakafuni.

"Nimezima," kaka alisema.

Fundi hakulisadiki neno lile papo hapo. Alivuta pumzi kumi, akisikiliza. Juu, mtu alibonyeza, akabonyeza tena, akaisonya lifti, akafuata ngazi. Hapo ndipo alipopenyeza mkono kwenye ile nafasi chini ya tumbo, akafungua kishikizo, akaanguka kwenye mafuta, akatambaa hadi mlango mdogo wa shimo, akatoka.

Kaka alishuka ghorofa tisa akipapasa ukuta. Alimkuta dada yake ukumbini, fomu ya ukaguzi magotini. Penye mstari wa swichi kuu alikuwa ameandika "haijakaguliwa", wino umekolea.

Fundi akamwambia kwamba Alhamisi atampeleka kwa daktari, akamuuliza atamwambia nini daktari huyo. Kaka alianza, "Nimepo—" akaumeza mwisho wa neno.

"Sijapona," alisema. Kisha akaongeza, "Na ninaogopa."

"Hata mimi."

Alimshika kiwiko wakatoka. Ukingoni mwa baraza kaka alisimama, mguu mmoja ukitafuta ngazi hewani.

"Ngapi hapa?"

"Tatu," fundi alisema. "Hujashuka hata moja."