Nakhungu Anajua kwa Masikio

Mwaka wa 2004, elimu ikiwa ya bure, darasa langu la saba kule Matisi, Kitale, lilikuwa na watoto tisini na wanne. Halafu mkaguzi anakuja kukuambia umjue kila mtoto kivyake. Mimi hata majina yalinishinda.

Nakhungu nilimjua kwa urefu tu. Alikuwa na miaka kumi na mitano na ameshalirudia darasa mara mbili. Kwetu mtoto dhaifu hapandi la nane, darasa la mtihani wa serikali, anarudishwa nyuma asije akaangusha wastani wa shule. Mamake, muuza vitunguu soko la Chwele, alikuwa ameapa kwamba akirudishwa tena atamtoa shule.

Siku moja nilisoma hesabu kwa sauti nikimfokea mtoto mwingine, Nakhungu akajibu kabla sijamaliza. Nikamtupia nyingine, kisha nyingine ngumu zaidi. Mpe karatasi, herufi zinamvuruga. Msomee, hana mpinzani. Niliona haya, maana miaka miwili mizima nilimwita mvivu mbele ya wenzake.

Basi mtihani wa hesabu wa kufunga mwaka niliusomea darasa zima, swali kwa swali, mpaka koo likakauka. Nakhungu akapata sabini na moja. Nilifurahi kama mwehu.

Mwalimu mkuu, Bwana Eliakim, alisema mtihani umevuja. Alimketisha Nakhungu ofisini mwake na karatasi mpya, bila wa kumsomea. Akapata tisa. Nilieleza, nikabembeleza, mwishowe nikapandisha sauti. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa.

"Sasa madam, kwa mtihani wa serikali nani atamsomea? Wewe?"

Swali hilo linaniuma hadi leo. Akaandika kwenye ripoti kwamba arudie.

Shule ilipofungwa mamake alikuja kumtoa, kama alivyoapa. Nilikuwa nimejiandalia maneno mazuri, kwamba ana akili, kwamba kosa ni letu sisi walimu. Nakhungu akanitangulia. Alisimama mlangoni mwa ofisi ya walimu, macho chini.

"Mwalimu, unisamehe. Mimi sikujua ati kusikia ni kuiba."

Nilimwambia hakuiba kitu. Nilirudia mara tatu, mamake akitungoja uwanjani. Akasema ndiyo mwalimu, kwa adabu, na nikaona wazi kwamba hakuniamini.