Bila Hodi

Walimwita Kiherehere, na hawakumsingizia. Tangu asubuhi hatulii: mara ashushe pazia, mara alipandishe, mara alale kifudifudi sakafuni atazame mwanga unaopenya chini ya mlango. Alikuwa akipiga filamu fupi isiyo na neno hata moja. Mama ameketi, mlango uko nyuma yake. Bomba linadondosha maji. Kivuli kinasimama nje, mlango unagongwa, kivuli kinaondoka. Basi, hofu yote iko hapo. Kamera yenyewe ya kuazima, mwenyewe angeifuata alasiri. Wakiikosa picha hiyo, filamu hakuna.

Tatizo mama mtu. Mjomba, aliyepewa kazi ya kuwa kivuli, akigonga tu huko nje, yeye huyo: "Karibu."

"Mama, si nimekuambia usijibu?"

"Ulimi umeniponyoka, mwanangu. Mtu yuko mlangoni, nimnunie kama tumegombana?"

Wakarudia. "Karibu." Wakarudia tena. "Karibu, pita ndani." Mjomba akaangua kicheko hukohuko nje. Kiherehere hakuona cha kuchekesha. Jua lilikuwa linamkimbia na hasira zimempanda. Akatoka, akamnong'oneza mjomba agonge kwa ngumi, ghafla, kwa nguvu zake zote.

Mjomba akagonga. Mama hakujibu. Mabega yakampanda, vidole vikang'ang'ania kiti, na usoni pakaja kitu ambacho hakuna mwigizaji angekiweza. Kiherehere, jicho kwenye kamera, moyo ukamruka kwa furaha.

"Ndivyo walivyogonga," mama akasema taratibu, "siku walipoleta habari za baba yako. Hawakupiga hodi."

Kiherehere hakuwa akilijua hilo. Siku ile alikuwa mchanga, amelala. Sauti ingefutika kirahisi. Sura ndiyo hiyo, dhahabu tupu. Angenyamaza kidogo tu, kivuli kiondoke, kazi ingekuwa imekwisha. Lakini aibu ilimshika, jamani.

Akaiacha kamera, akapita mbele ya lenzi na kuiharibu picha, akatoka na kuufunga mlango. Mjomba akamkodolea macho.

"Hodi," akaita.

Akangoja kidogo, akaita tena.

"Hodi, mama. Ni mimi."

"Karibu," sauti ikatoka ndani, imekwaruza. "Karibu, mwanangu."

Alasiri mwenye kamera alikuja akaichukua. Filamu haikupatikana. Mama alikuwa akiisimulia siku ile tangu mwanzo, na Kiherehere hakumkatiza hata mara moja.