Mwisho wa Wimbo wa Wamara

Kwa miaka ishirini na sita Laurensia aliuchukia wimbo wa mumewe, na sasa kila mtu alimtegemea yeye aukumbuke.

Marehemu Cassian aliutungia uani kwao Bweranyange, kwa gitaa la umeme na kile kidude cha kukanyaga kwa mguu kinacholifanya gitaa lilie kama ng'ombe aliyekwama. Muziki wake aliuita roki ya saikedeliki, neno alilolitamka taratibu, kwa adabu, kama jina la mkwe. Wimbo ulimhusu Wamara, mfalme wa hadithi za mababu. Alimfuata ng'ombe wake shimoni hadi kwa Kintu, bwana wa chini ya ardhi, akapewa zawadi, akarudi juu na kusahau kupeleka shukrani. Kintu akakasirika, akamtuma Rufu, yaani kifo, amfuate. Bibi yeyote wa Karagwe huimaliza hadithi hiyo kabla uji haujapoa. Cassian alihitaji dakika ishirini na tano, nyingi zikiwa hazina neno hata moja.

Hakuurekodi. Kila mara alisema haujaiva. Mwaka jana akafariki, na Jumatatu ijayo Theoneste, mpiga gitaa mwenzake, anahamia Geita kwa mwanawe. Ndiyo maana Jumamosi hii Laurensia aliwakokota Theoneste na Mbonimpa, mpiga dramu, hadi studio ya Naila, nyuma ya duka la simu la baba yake, pale Ndama. Wimbo usipopatikana leo, ndiyo basi tena.

Tangu saa nne hadi saa sita wanaume walibishana ni yupi kati ya wafuasi wa Wamara anayetangulia kwenye wimbo.

"Anaanza Mugasha," Mbonimpa alisema. "Mwenye ziwa na dhoruba. Ana mguu mmoja, ndiyo maana ngoma inachechemea."

"Ngoma yako inachechemea kwa sababu hujui kuhesabu," Theoneste akamjibu. "Anaanza Irungu, mwenye pori. Ile miluzi ya gitaa ndiyo yeye."

"Ile si miluzi. Ulikuwa umepotea, unatafuta njia ya kurudi."

"Wazee wangu, mashine inawasubiri," Naila alisema. "Nani hasa anaujua mpangilio?"

Laurensia, aliyekuwa amekaa pembeni na kanga yake mapajani, akasema kama anayejisemea, "Ng'ombe akitumbukia shimoni, mimi namaliza chane ya kwanza."

Wote wakamgeukia.

"Si alikuwa anapiga wakati napika? Nilikuwa namenya ndizi. Irungu anakuja maharage yakifura povu. Mugasha nipo chane ya tatu."

"Shemeji," Theoneste alisema, "na baada ya Mugasha?"

Laurensia alitazama viganja vyake. "Hivi mikono mitupu sijui kitu."

Wakaenda sokoni wakarudi na mkungu mzima, beseni na kisu. Naila aliutazama mkungu, kisha akalitazama zulia lake jipya.

"Mama, utomvu hautoki kwenye zulia."

"Hautoki hata kwenye gauni la harusi, mwanangu. Tandika gunia."

Gitaa likaanza kwa mbali, kama mtu anayeita kutoka ng'ambo ya bonde, na mashine ya Naila ikairudisha kila sauti mara tatu. Laurensia alimenya bila kuinua uso, akiwaelekeza kwa ncha ya kisu. Chane ya kwanza ilipokwisha, Theoneste alikanyaga kidude, ng'ombe wa Wamara akatumbukia akilia. Irungu akapita na miluzi yake. Mugasha akachechemea, na safari hii Theoneste akachechemea naye. Kisha gitaa likashuka chini kabisa, likawa zito, likitembea polepole. Rufu alikuwa amefika mlangoni kwa Wamara.

Ndizi zikaisha.

Laurensia alishika kisu hewani. Hapa alizoea kufunika chungu kwa majani ya mgomba. Akishafunika, nini kinafuata? Mikono haikukumbuka chochote. Theoneste alimzungusha Rufu mara ya pili, ya tatu, ya sita. Shati la Mbonimpa lilikuwa limeloa, na nyusi zake zilimuuliza Laurensia swali lilelile.

Ndipo akajua. Mwisho haukuwepo. Kila jioni, Rufu akiwa bado mlangoni, yeye alimwita Cassian ale, na Cassian akaweka gitaa chini akaja. Hakusema hata siku moja kwamba kuna kipande kimebaki, wala yeye hakuuliza.

Aliwaacha wazunguke mara moja zaidi. Kisha akasema. Hakuna aliyesikia, gitaa lilikuwa limejaza chumba. Ikabidi apaze sauti, ileile ya kumwitia Cassian uani.

"Baba Nikuze, chakula!"

Mbonimpa aliweka vijiti chini papo hapo, kwa mazoea. Uzi wa mwisho wa gitaa uliendelea kuvuma peke yake, ukafifia, ukanyamaza.

Naila alivua vifaa vya masikioni. "Mama, hiyo sauti yako niikate?"

"Iache," Laurensia alisema, akijifuta uso kwa nyuma ya mkono maana viganja vilikuwa na utomvu.

"Na kisu? Kinasikika mwanzo hadi mwisho."

"Nacho kiache."

Mbonimpa alikuwa ameshainama juu ya beseni, anazihesabu ndizi kwa macho. "Shemeji," aliuliza, "hizi sasa tunazipikia wapi?"