Loth wa Kwenye Filamu

Watu wa filamu walimtenda vibaya Zefania, lakini jina la Loth aliwapa mwenyewe. Walipopanda kijijini kwake Ngujini na kamera zao, aliwasimulia vita vya Kagera siku mbili mfululizo: jinsi rafiki yake Loth alivyopigwa risasi ya tumbo ng'ambo ya mpaka, akaomba maji mpaka sauti ikakatika, naye akamchimbia kaburi. Kisha akawasihi watumie jina la kweli la Loth, asije akasahaulika. Wakakubali haraka haraka, na shikamoo nyingi juu yake.

Filamu ilipokamilika, ikaonyeshwa Jumapili moja kwenye ukumbi wa kanisa, baada ya ibada. Zipora, mjane wa Loth, alikalishwa mbele. Maandishi ya mwanzo yalisema haya ni matukio ya kweli. Loth akapigwa risasi, sawa, lakini mwanamke mmoja wa Kiganda akamficha na kumuuguza, na mwisho kabisa akaonekana mzee wa mvi, Loth huyo huyo, anakunywa chai kibarazani huko Uganda. Ukumbi mzima ukapiga makofi. Zefania alitoka nje akampigia simu mwongozaji.

"Mzee wangu, watazamaji hawapendi mtu afe vile," kijana akamjibu. "Tumeboresha kidogo tu."

Kuboresha! Utadhani kifo cha mtu ni nyumba ya kubadilishwa bati.

Asubuhi yake alimkuta Zipora nyuma ya nyumba, ameshika jembe, anasawazisha kaburi. Humo ukoo ulikuwa umezika kigogo cha mgomba badala ya Loth, kwa kuwa mwili haukurudi.

"Acha, shemeji," Zefania alisema. "Loth amekufa."

"Miaka yote hii umeniliza juu ya mgomba, na mtu yuko hai."

"Yule ni mwigizaji!"

"Najua ni mwigizaji, mimi si mtoto. Lakini wameandika ni kweli, na aliyewapa habari ni wewe. Wageni umewaambia, mimi ukanificha."

Zefania alimnyooshea viganja vyake. "Nilimzika mimi, shemeji. Kwa mikono hii."

Zipora aliinua uso. Hakuwa na hasira tena. Alimtazama kwa huruma, na huruma ile ilimuumiza Zefania kuliko matusi.

"Ungekuwa ulimzika," akasema taratibu, "si wangekuonyesha kwenye filamu?"